Mtambo wa ulimwengu na mpaka ulio chini ya mtumbwi

Mwishoni mwa mwaka 2025 habari moja ilipita kwenye simu za watu hapa Kigoma kwa kasi tuliyoizoea kwa matokeo ya mpira na matangazo ya nafasi za kazi: wanasayansi wamethibitisha kwa hesabu kwamba ulimwengu huu si programu ya kompyuta. Kwenye grupu letu la mtaa, waliokuwa wakihubiri kwamba sisi sote ni vikaragosi ndani ya mtambo wa viumbe walioendelea zaidi walinyamaza kama siku mbili hivi, kisha wakarudi na ngao mpya. Waliokuwa wakiwacheka walishangilia kana kwamba timu yao imepewa penalti dakika ya tisini. Mpwa wangu, kijana wa mtaa wa Mwanga hapa Kigoma aliyemaliza kidato cha sita na ambaye simulesheni, yaani wazo kwamba ulimwengu ni maigizo ya kompyuta, ndiyo dini yake ya pili, alinitumia ujumbe wa sauti wa dakika nne ulioanza na "Shikamoo mjomba, naona wametufunga."

Nadhani hakuna aliyefungwa, kwa sababu mpira wenyewe haukuwahi kuchezwa. Nadharia inayodai kufichua mashine iliyojificha nyuma ya mambo tunayoyaona inastahili kuitwa sayansi pale tu inapokubali kutuambia mapema ni kitu gani hatutakiona kamwe ikiwa yenyewe ni ya kweli. Nadharia ya simulesheni haijawahi kukubali sharti hilo, na hesabu iliyosifiwa mwaka huo haikulibadilisha hilo hata kidogo. Sisi tunaoishi kando ya Ziwa Tanganyika tulipaswa kuwa wa kwanza kuona kasoro hiyo, maana chini ya mitumbwi yetu kuna mashine iliyofichika kweli kweli. Jicho haliioni, inaendesha shibe na njaa ya watu wa mwambao, na iligunduliwa kwa kamba na kipimajoto. Nitafika huko, ila kwanza tuitendee haki nadharia yenyewe.

Mwaka 2003 mwanafalsafa Nick Bostrom, mzaliwa wa Sweden aliyekuwa Oxford wakati huo, alichapisha makala fupi ambayo inatajwa na wengi kuliko wanaoisoma. Bostrom hakusema kwamba tumo ndani ya kompyuta. Alisema mojawapo ya mambo matatu lazima liwe kweli: ama jamii za viumbe wenye akili huangamia kabla ya kufikia uwezo wa kuigiza dunia nzima pamoja na watu wake, ama hufikia uwezo huo lakini hazina hamu ya kuigiza maisha ya mababu zao, ama sisi, kwa uwezekano mkubwa sana, tumo ndani ya maigizo hayo. Jambo la tatu linasimama kwa kuhesabu vichwa. Kama siku moja watakuwepo watu wa kuigizwa mabilioni kwa mabilioni dhidi ya kizazi kimoja cha watu halisi, basi mtu yeyote anayejiuliza yuko upande gani ana sababu ya kudhani yuko upande wenye watu wengi. Mwaka 2016 Elon Musk alisema hadharani kwamba uwezekano wa sisi kuwa kwenye uhalisia wa msingi ni mmoja kwa mabilioni. Tangu hapo matawi mawili ya kwanza ya hoja ya Bostrom yamekatwa vichwani mwa watu, likabaki hilo la tatu peke yake, likikua kama mwembe usiopogolewa.

Wazo lenyewe ni kongwe kuliko kompyuta. Mwaka 1641 mwanafalsafa René Descartes alijiuliza itakuwaje kama yuko pepo mwenye nguvu na hila anayemdanganya kuhusu mbingu, ardhi, rangi, hata mikono yake mwenyewe. Nasi tuna usemi wetu, dunia hadaa, ambao mpwa wangu hupenda kuutumia kama ushahidi kwamba wazee walijua. Hapo namkatalia. Anayekwambia dunia hadaa anakuonya usilewe cheo, usimwamini kila anayekuchekea, usidhani leo itafanana na kesho. Ni neno la namna ya kuishi. Hakudai kwamba ukichimba mchanga wa Ujiji kwa kina cha kutosha utakuta waya. Ukiligeuza neno la hekima kuwa taarifa ya fizikia unaliharibu mara mbili, kwa sababu halitakuongoza tena katika maisha na halitakuwa fizikia pia.

Sasa hiyo hesabu ya 2025. Mir Faizal wa Chuo Kikuu cha British Columbia, kampasi ya Okanagan huko Kanada, na wenzake akiwemo mwanafizikia Lawrence Krauss, waliegemea kazi ya mwanahisabati Kurt Gödel ya mwaka 1931. Gödel alionyesha kwamba mfumo wowote wa kanuni wenye nguvu ya kutosha kubeba hesabu za kawaida, mradi haujipingi wenyewe, utakuwa na kauli za kweli ambazo hauwezi kuzithibitisha kwa kanuni zake. Faizal na wenzake wanasema hivi: ikiwa nadharia ya mwisho ya ulimwengu ni mfumo wa namna hiyo, nayo itaacha baadhi ya kweli nje, kwa hiyo uhalisia unahitaji kitu kinachozidi hatua za kukokotoa, na kwa kuwa kompyuta haina kingine ila hatua za kukokotoa, ulimwengu hauwezi kuwa unaendeshwa na kompyuta. Ni hoja ya watu wazima, na mtu asiidharau. Lakini ina pengo ambalo mchezaji wa bao ataliona haraka kuliko profesa.

Kaa kijiweni utazame mkono mrefu. Mchezaji anachukua mtaji, anasambaza kete, anafika kwenye shimo lenye kete, anazikusanya, anaendelea, anakula, anaanza upya kichwani. Watazamaji wameacha kuzungumza. Hakuna aliyekaa pale awezaye kusema kwa hakika mkono huo utalala wapi, na mchezaji mwenyewe huenda hajui. Je, kutojua huko kunamzuia kusambaza? Hata kidogo, anatia moja hapa, moja pale, mpaka kete ya mwisho. Mfano una kasoro zake, maana bao lina mashimo 32 na kete 64 tu na mwenye subira angeweza kukokotoa yote. Hata hivyo tofauti ninayoitafuta inaonekana: kuuendesha mchezo hatua kwa hatua ni kazi moja, na kujibu kila swali linaloweza kuulizwa kuhusu mchezo ni kazi nyingine kabisa. Gödel aliweka mpaka kwenye kazi ya pili. Mtambo wa kuigiza ulimwengu, kama upo, ungehitaji ile ya kwanza tu. Kwa hiyo walioshangilia kwenye grupu letu walishangilia mapema, na mpwa wangu hakuwa na sababu ya kukata tamaa siku zile mbili.

Hoja yenye nguvu kwa upande wake ni ile ya vichwa, na bado sijaona mtu aliyeipindua kwa kicheko. Udhaifu wake uko kwenye msingi. Inadhani kwamba kuhisi, kuumwa jino na kumkumbuka marehemu mama ni mambo yanayoweza kutokea ndani ya kompyuta yoyote ilimradi hesabu ni sahihi, na hilo hakuna aliyelionyesha. Inatumia pia tunayoyajua kuhusu kompyuta za ulimwengu huu kukisia kompyuta za ulimwengu wa nje, ilhali kama tumo ndani ya maigizo, sheria za nje zinaweza kuwa tofauti kabisa na hizi zetu. Ni kama samaki wa karo kutumia urefu wa karo kukadiria upana wa bahari.

Wapo waliojaribu kuitendea nadharia hii wema kwa kuipa meno. Mwaka 2012 Silas Beane, Zohreh Davoudi na Martin Savage waliuliza: kama ulimwengu unaigizwa juu ya gridi ya nukta kama wanafizikia wanavyoigiza viini vya atomu kwenye kompyuta zao, kutatokea nini? Walijibu kwamba miale ya kutoka anga za mbali yenye nishati ya juu kabisa inaweza kuonyesha upendeleo wa mielekeo fulani, kufuata mistari ya gridi, badala ya kuja sawasawa kutoka pande zote. Hiyo ndiyo kazi ninayoiheshimu. Wamesema mapema nini kitaonekana. Tatizo ni kwamba upendeleo huo usipoonekana, mwenye imani atasema gridi ni ndogo mno au mtambo hautumii gridi, na hatakuwa amevunja kanuni yoyote ya nadharia yake, kwa kuwa haina kanuni. Waliofungwa hapo ni Beane na wenzake peke yao, kwa sababu ndio pekee walioingia uwanjani.

Hoja dhaifu kuliko zote ndiyo inayopendwa zaidi, na inastahili kujibiwa kwa urefu kwa kuwa ndiyo inayosambaa kwenye video za dakika moja. Inasema fizikia ya kwanta, ile ya chembe ndogo kabisa, imegundua kwamba kitu hakipo mpaka kitazamwe, sawasawa na mchezo wa kwenye simu unaochora chumba pale tu mchezaji anapofungua mlango, ili kuokoa nguvu ya mashine. Jaribio linalotajwa ni la elektroni kupita kwenye nyufa mbili: zisipofuatiliwa, kwenye kioo cha nyuma hujengeka mistari ya mawimbi, zikifuatiliwa kujua kila moja imepita ufa upi, mistari inatoweka. Kosa la kwanza ni kwenye neno kutazama. Hapo halina uhusiano na jicho la mtu wala fahamu zake. Maana yake ni kwamba elektroni imekutana na kitu kingine, na kitu hicho kimebaki na alama ya njia iliyopitwa. Fungia kifaa chumbani, watafiti wote waende kula, mistari itatoweka vilevile. Kosa la pili ni baya zaidi, kwa sababu linaigeuza hoja ikasema kinyume chake. Ulimwengu wa kwanta ndio ulio ghali kuliko yote kuuigiza kwenye kompyuta ya kawaida. Ili kuandika hali kamili ya chembe 300 tu, kila moja ikiwa na nafasi mbili, unahitaji namba nyingi kuliko atomu zote za ulimwengu tunaoweza kuuona. Mwandishi wa programu anayebana matumizi angechagua ulimwengu wa kwanta mwisho wa orodha, baada ya kila kitu kingine kushindikana.

Nikiwa hapo, niseme jambo linaloniudhi. Vijana haohao wanaotafuta msimbo uliofichwa nyuma ya nyota wanakaa barazani na simu yenye kioo kilichopasuka wakicheza kindege, ule mchezo wa kamari wa kwenye simu, wakinieleza kwamba wameshajua mpangilio wake, kikipanda mara tatu chini ya mbili cha nne kitapaa. Hapo ndipo ipo kweli programu, iliyoandikwa na watu wa kweli, kwa nia ya kweli, na faida ya mwenye mchezo imo ndani ya hesabu yake tangu siku ya kwanza. Simulesheni pekee ambayo mpwa wangu amewahi kuingia imemmalizia nauli ya kwenda Dar es Salaam, na hiyo hajawahi kuitilia shaka.

Tugeukie ziwa. Msimu wa kusi, kuanzia mwezi wa tano hadi wa tisa hivi, upepo unavuma kutoka kusini-mashariki kwenye bonde refu la kilomita 670 na ushei. Mtu aliyesimama kwenye mwalo wa Kibirizi anaona mawimbi, povu, na mitumbwi iliyovutwa juu ya mchanga. Asichokiona ni kwamba ziwa hili ni maziwa mawili yaliyolaliana. La juu ni la maji vuguvugu, nyuzi 26 hivi, lenye oksijeni na samaki wote tunaowajua, dagaa, migebuka, kuhe. La chini ni la maji ya nyuzi 23 na kitu, mazito kidogo, lenye rutuba tele iliyozama humo miaka na miaka, lakini halina oksijeni na limejaa gesi yenye harufu ya yai viza. Oksijeni inaishia kwenye mita 100 hadi 200 kutegemea ulipo, na kutoka hapo hadi kwenye kina cha mita 1,470 hakuna dagaa. Tofauti ya uzito kati ya maji hayo mawili haifiki hata kilo moja katika kila mita ya ujazo yenye kilo karibu 1,000. Kwa tofauti ndogo kiasi hicho, mpaka kati yao unakaa, na upepo wa kusi unauinamisha: maji vuguvugu yanasukumwa kaskazini na kurundikana, mpaka unazama upande wetu na kupanda upande wa kusini, kule Mpulungu nchini Zambia, ambako maji ya chini yenye rutuba yanafika karibu na juani na kulisha vijimea ambavyo hatimaye ni chakula cha dagaa.

Upepo unapokatika, mwezi wa tisa, mpaka ule ulioinama hauwezi kubaki umeinama. Unarudi, unapitiliza, unarudi tena, kama maji ndani ya beseni lililobebwa kichwani na mtu aliyesimama ghafla. Ila kwa kuwa tofauti ya uzito ni ndogo mno, kuyumba huko ni kwa pole pole kusikoaminika: mzunguko mmoja huchukua karibu wiki nne. Juu ya maji huwezi kuona chochote. Chini, mpaka unapanda na kushuka makumi ya mita. Niliwahi kujaribu kumwonyesha mpwa wangu kwa chupa ya soda. Tulianza na maji na mawese, mawese yakaganda yakagoma. Tukatia maji na mafuta ya taa kwa kiasi sawa bila kuijaza chupa, tukafunga, tukailaza chupa na kuinamisha upande mmoja kisha ikaachiwa. Uso wa juu wa mafuta ulitulia mara moja. Mstari kati ya mafuta na maji uliendelea kuyumba taratibu, mkubwa, mzito, peke yake, wakati kila kitu kingine kimeshalala. Hakusema kitu, akairudia mara sita.

Sasa angalia jinsi nadharia hii ya wimbi la ndani ya ziwa ilivyojiweka shingoni kamba ya kunyongewa, maana hapo ndipo ninapotaka kufika. Wavuvi wetu siku zote wamehesabu kazi kwa mwezi: wakati wa giza wanaingia ziwani na taa, zamani karabai na siku hizi za betri na sola, dagaa wanafuata mwanga, mbalamwezi ikipevuka taa haina nguvu, wanapumzika na kushona nyavu. Ujuzi huo ni sahihi na hauhitaji baraka za profesa. Lakini ukimwambia mvuvi kwamba mpaka wa chini unapanda na kushuka kwa mzunguko wa karibu wiki nne, atakujibu kwa haki kabisa kwamba huo ni mwezi tu, mwanangu, mwezi una siku 29 na nusu. Saa mbili zilizofichika, zenye mapigo yanayokaribiana mno. Utazitenganishaje? Hapa ndipo nadharia ya wimbi la ndani inasema jambo la hatari kwa uhai wake. Inasema mpaka ukiwa umezama Kigoma, lazima uwe umepanda kusini, na kinyume chake. Haiwezekani miisho yote miwili ya ziwa ikawa juu kwa pamoja. Mwezi unang'aa Kigoma na Mpulungu usiku uleule na hauna sababu ya kupendelea mwisho mmoja. Inasema pia kwamba mapigo yatafifia baada ya upepo kukatika, ilhali mwezi haufifii, na kwamba baada ya miezi kadhaa yataachana na kalenda ya mwezi kwa siku kadhaa. Kipimajoto kimoja chenye kumbukumbu huku, kingine kule, na kama yamekwenda sambamba nadharia imekufa. Mtafiti G. W. Coulter alikuwa ameshaeleza mambo haya akifanyia kazi upande wa kusini miaka ya 1960, na kuanzia miaka ya 1990 mradi wa utafiti wa FAO, shirika la chakula na kilimo la Umoja wa Mataifa, na Finland uliweka vipimo mbele ya Kigoma na mbele ya Mpulungu kwa wakati mmoja. Yalikwenda kwa kupokezana.

Linganisha na simulesheni. Ipi kati ya hizi mbili inaonekana ya kustaajabisha zaidi kwenye video ya dakika moja? Ile ya kompyuta, bila shaka. Ipi ilijiweka mahali ambapo kamba yenye vipimajoto ingeweza kuiaibisha? Hata pale Gombe, mwendo mfupi wa boti kaskazini mwa mji wetu, jambo lilikuwa hivyo. Kabla ya 1960 ilifundishwa kwamba binadamu ndiye kiumbe pekee atengenezaye zana. Kauli hiyo ilikataza kitu waziwazi, na mwaka huo Jane Goodall akamwona sokwe mtu akinyofoa majani ya kijiti na kukichomeka kwenye kichuguu kuvua mchwa. Kauli ikaanguka, na heshima yake ni kwamba iliweza kuanguka.

Kuna pingamizi moja ambalo silipuuzi, nalo ndilo mpwa wangu alilirudisha alipotulia. Je, atomu hazikuwa hivihivi? Wagiriki walizitaja zaidi ya miaka 2,000 kabla ya mtu kuzipima, na hata mwishoni mwa karne ya 19 mwanafizikia mkubwa kama Ernst Mach alizikataa akisema ni kitu ambacho hakuna aliyekiona. Mach angesoma makala hii angenipigia makofi, na angekuwa amekosea. Kweli kabisa. Lakini tazama kilichotokea. Mwaka 1905 Einstein alisema, kama atomu zipo, punje ndogo zinazoelea majini zitatangatanga kwa kiasi hiki, kwa muda huu, si zaidi wala pungufu. Jean Perrin akakaa na hadubini akazihesabu, na kwa kazi hiyo alipewa Tuzo ya Nobeli ya 1926. Wazo la kale liligeuka sayansi siku lilipotaja kiasi. Sisemi basi kwamba simulesheni ni marufuku kuwazwa. Iwazwe kama Wagiriki walivyowaza atomu, barazani, kwa raha, bila mtu kuuza kozi wala kuacha shule. Siku itakapotaja kiasi, tutatafuta hadubini.

Yapo pia majibu ya wale wasiotaka mjadala wenyewe, kwamba haya ni mambo ya Wazungu walioshiba. Sina muda nayo. Mtoto wa Kigoma ana haki ya kujiuliza ulimwengu umetengenezwa na nini kama mtoto wa Stockholm.

Kinachonishughulisha ni kwamba tumezoea kuzisikiliza nadharia zisizokataza chochote, na mazoea hayo hayabaki kwenye simulesheni. Yanaingia kwenye mambo ya chakula. Mwaka 2003 Catherine O'Reilly na wenzake walichapisha matokeo kwamba ziwa limepata joto, mpaka ule umekuwa mgumu zaidi kuuvuruga, rutuba ya chini haipandi kama zamani, na uzalishaji wa vijimea huenda umeshuka kwa asilimia 20 hivi, jambo linaloweza kumaanisha samaki kupungua kwa asilimia 30. Miaka mitatu baadaye watafiti wengine, Jouko Sarvala wa Finland na wenzake, walijibu kwamba takwimu za samaki waliovuliwa zinafuata zaidi mabadiliko ya uvuvi wenyewe, idadi ya boti na aina ya nyavu, kuliko hali ya hewa. Hawa wanagombana, lakini wanagombana juu ya kitu kinachopimika.

Halafu serikali ikafunga uvuvi Ziwa Tanganyika kuanzia tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti 2024, ili samaki wazaliane na kukua. Nina maoni yangu juu ya hatua hiyo na siyo ya kuipinga. Ila nimesikiliza watetezi na wapinzani pale mwaloni, na kila mmoja ana simulesheni yake. Mtetezi anasema, dagaa wakionekana wengi mwezi wa tisa, kufunga kumefanya kazi. Wasipoonekana, ina maana tulifunga muda mfupi. Mpinzani anasema, wakionekana wengi ni Mungu tu na msimu; wasipoonekana, si mnaona. Hakuna hata mmoja ambaye mwezi wa tisa unaweza kumbadilisha. Na kuna jambo lililowapita wote wawili: miezi hiyo mitatu imo yote ndani ya msimu wa kusi, ambapo mpaka wa chini unainama na rutuba inapanda upande wa kusini, kisha upepo unakatika na mpaka unaanza kuyumba. Ziwa lingebadilika Septemba hata kama hakuna mvuvi hata mmoja duniani. Ukipima dagaa kabla ya kusi na baada ya kusi, ukauita utofauti huo matunda ya kufunga, umeupa sheria sifa ambayo pengine ni ya upepo. Au umeinyima, kama upepo wa mwaka huo ulikuwa dhaifu.

Kuvitenganisha kunawezekana, kama mwezi ulivyotenganishwa na wimbi. Septemba ya mwaka wa kufunga ilinganishwe na Septemba za miaka ambayo ziwa halikufungwa, upepo ukiwa umepimwa. Waangaliwe samaki wanaotumia miaka kadhaa kukua kando ya dagaa ambao maisha yao ni mwaka mmoja hivi, kwa sababu miezi mitatu haiwezi kuwa na maana ileile kwa wote wawili. Kilo kwa kila mtumbwi kwa kila usiku wa giza ziandikwe Kibirizi, Katonga na mialo mingine, na vikundi vya BMU, yaani vya wavuvi vya kusimamia mialo, vinavyoandika daftari hizo tayari virudishiwe takwimu zao zikiwa zimejumlishwa, badala ya daftari kupanda gari na kutoonekana tena. Na jambo la msingi kuliko yote, kabla ziwa halijafungwa tena, ibandikwe kwenye ubao wa mwalo, kwa maandishi makubwa, namba ambayo ikipatikana mwezi wa tisa wahusika watakubali kwamba kufunga hakukusaidia. Nimetaja wazo hilo kwa watu wawili wenye dhamana. Wa kwanza alicheka. Wa pili aliniuliza, kwa uzito kabisa, kama namba hiyo itakuwa ya dagaa wabichi au wakavu, na nikagundua kwamba sikuwa nimelifikiria hilo.